Kofia ya R. T.

Ilitoka katikati ya belo, Jumapili, Kibuye,
imebanwa baina ya suruali za watu wanene:
buluu iliyopauka, herufi moja mbele,
na ndani, penye utepe wa jasho,
wino wa kalamu: R. T.
Nikaivaa kuzuia jua. Nikasahau kuivua.

Mteja akaniambia hiyo ni timu.
Timu ya nini? Besiboli.
Wanapiga mpira kwa gongo, akasema, halafu wanakimbia.
Zaidi ya hapo hakujua, akageukia bei ya zipu.

Mimi ni fundi. Nguo nikishaivaa
lazima nijue ilikokatwa.

Basi nikaenda Kondele, kwa Ogweno,
ukumbi wa mabati, kiingilio shilingi thelathini,
vijana wamekodoa macho, mikeka ya kamari mkononi.
Nikauliza: hapa mnaonyesha besiboli?
Walicheka hadi bao likawapita.
Ogweno akanirudishia thelathini yangu.
"Mama Mukhwana, hao wanacheza sisi tukikoroma."

Hoteli za Milimani zina televisheni pana kama mlango wa kanisa.
Askari wa getini alianza na viatu vyangu,
akapanda polepole, akafika kwenye kofia,
akasema chaneli hiyo haijalipiwa.
Labda kweli.

Ni Owidi wa saiba, mtoto wa Adoyo muuza omena,
aliyeipata. Kila mlango alioubisha ulitaka dola,
mpaka akaangukia redio moja ya mji wao, ya bure,
inayotangaza matairi na mbegu za mahindi
kama redio zetu tu.
"Inaanza saa nane usiku," akasema.
Akaongeza na hili, sikumuuliza:
mpira wenyewe hushonwa kwa mkono,
uzi mwekundu, mishono mia na minane.
Hapo nikajua sitalala.

Bando la usiku, shilingi ishirini.
Simu nikaitumbukiza kwenye sufuria tupu ipate kifua,
nikakaa kwenye cherehani, koroboi pembeni
(stima ilipotea tangu saa tatu),
mashati ya shule yakiningoja,
Mukhwana kajifunika gubigubi, mguu mmoja nje.

Sikuelewa. Kiingereza chao kinaviringika kama gololi.
Nilidaka tarakimu: mbili kwa mbili. Tatu kwa mbili.
Kisha kimya kirefu, maelfu ya watu wakipumua,
na mbwa wa Nyalenda wakijibu.
Sijawahi kusikia mchezo unaongoja hivyo.
Mtangazaji akasema jua linazama kwao, nyuma ya maghala.
Nikatazama dirisha. Giza tititi.

Nikauunganisha kipande kwa kipande, kola, kifua, mgongo:
kona nne. Mtu anaondoka nyumbani, anazunguka,
na bao ni kurudi pale pale alipoanzia.
Ni hivyo tu? nikaiuliza sufuria.
Namjua mmoja, yuko Naivasha kwenye maua,
tangu Desemba ya mwaka juzi amesimama kona ya tatu.

Saa kumi na nusu mvua ikashuka juu ya mabati
kama mahindi yanayomwagwa.
Nikaingiza kichwa ndani ya sufuria, kofia na yote.
Kelele. Watu wamesimama, hilo nililisikia,
mtangazaji sauti imempasuka,
mtu anakimbia, anakimbia,
halafu matairi,
halafu bando likakatika.

R. T., ulikuwa unasikiliza?
Au kofia uliitoa kwa sababu uliacha kusikiliza?
Au ni mwingine aliyeitoa, akisafisha kabati lako?
Nani alirudi?

Asubuhi nikakunja mashati, nikahesabu.
Moja nimeliharibu: mkono wa kushoto
umepita wa kulia kwa inchi tatu nzima,
kama wa mtoto aliyenyoosha juu kudaka kitu.
Mukhwana amelivaa hivyo hivyo. Hataki nilifumue.